Faida ya barafu haijulikani mpaka friza ihesabiwe uniti zake

KIPINDI cha joto kinapoingia Dar es Salaam, kuanzia Novemba hadi Machi, kuna biashara ambayo huchipuka karibu kila mtaa bila fremu ya duka wala tangazo la redio. Kipande cha boksi huning'inizwa getini kikiwa na maneno mawili tu, "Barafu zinauzwa", na ndani, sebuleni au kwenye korido, friza hunguruma usiku na mchana. Watoto wa shule, makondakta, mafundi gereji na wauza samaki wote ni wateja wa kibao hicho.

Mwenye biashara hiyo akiulizwa gharama zake, huzitaja bila kusita: sukari kilo kadhaa, ubuyu au ukwaju, vifungashio, pengine na maji ya dumu. Akifika kwenye umeme ndipo anapokwama. Wapo watakaosema friza "inakula sana", na wapo watakaosema "haili sana", lakini majibu yote mawili hayana tarakimu ndani yake. Na biashara ambayo gharama yake kubwa haina tarakimu ni vigumu kusema kama inaleta faida au inakula mtaji.

Lawama si za muuza barafu peke yake. Mfumo wa Lipa Umeme Kadiri Utumiavyo, maarufu kama LUKU, ambao Shirika la Umeme Tanzania (TANESCO) ulianza kuutumia miaka ya 1990, umemsaidia mteja kujua amebakiwa na uniti ngapi, lakini haumwambii nani amekula zilizokwisha. Nyumba hununua umeme wa Sh. 5,000 leo na wa Sh. 10,000 keshokutwa, na ndani ya fedha hizo mna taa za familia, televisheni, pasi ya sare za shule na friza ya biashara. Hakuna risiti inayozitenganisha. Kazi hiyo anapaswa kuifanya mwenyewe.

Hesabu yenyewe si ngumu. Uniti moja ya umeme ni wati 1,000 zikitumika kwa saa moja. Kifaa cha wati 2,000 kinamaliza uniti hiyo kwa nusu saa, na cha wati 50 kinahitaji saa 20. Kwa hiyo mtu huchukua wati zilizoandikwa kwenye kifaa, akazidisha kwa saa kinazofanya kazi, akagawanya kwa 1,000, kisha akazidisha kwa bei ya uniti moja.

Bei ya uniti ndiyo inayohitaji uangalifu kidogo. Kwa bei zilizoidhinishwa na Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Nishati na Maji (EWURA) na kuanza Aprili 2016, ambazo ndizo zinazotumika katika hesabu za makala haya, mteja wa kundi la T1, yaani mtumiaji wa kawaida, aliwekewa Sh. 292 kwa uniti. Juu yake huja kodi ya ongezeko la thamani kwa asilimia 18, asilimia 3 za Wakala wa Nishati Vijijini (REA) na asilimia 1 ya EWURA. Jumla ni Sh. 356.24, na ndiyo maana Sh. 1,000 hutoa uniti 2.8 hivi. Bei au kodi ikibadilika, msomaji abadilishe tarakimu hiyo moja tu, njia inabaki ileile. Risiti ya LUKU huonyesha fedha iliyolipwa na uniti zilizotolewa, hivyo kugawanya moja kwa nyingine kunampa kila mtu bei yake.

Angalizo lipo hapa. Tangu Agosti 2021 kodi ya majengo hukatwa kupitia LUKU, na kwa nyumba ya kawaida kiwango chake kilipandishwa mwaka 2023 kutoka Sh. 1,000 hadi Sh. 1,500 kwa mwezi. Makato hayo huangukia manunuzi ya kwanza ya mwezi. Anayegawanya risiti ya siku hiyo bila kutoa kodi kwanza atadhani umeme umepanda, kumbe sivyo. Ni heri atumie risiti ya pili.

Kwa bei hiyo ya T1, birika la wati 2,000 likichemsha kwa dakika tano hutumia kama Sh. 59. Televisheni ya wati 50 ikiwashwa saa sita kwa siku ni Sh. 107. Taa ya nje ya mtindo wa zamani, ile ya wati 60, ikiwaka saa 12 kila usiku hufikisha Sh. 7,695 kwa mwezi, wakati ya LED ya wati 9 huishia Sh. 1,154. Vifaa hivi vina tabia moja: vikiwashwa vinakula, vikizimwa vinaacha. Hesabu yake haina utata.

Friza haina tabia hiyo, na hapo ndipo watu wengi wanapopotoka. Kibao kilichobandikwa nyuma kinaweza kusomeka wati 150. Anayezidisha kwa saa 24 atapata uniti 3.6 kwa siku, akashtuka, akaiuza. Lakini kompresa haifanyi kazi saa zote 24. Inawaka, inafikisha baridi iliyopangwa, inapumzika, kisha inawaka tena. Ikiwa imejaa barafu iliyokwishaganda na mlango umefungwa, hupumzika kwa muda mrefu. Ikiwekewa maji ya vuguvugu na mlango kufunguliwa kila dakika kumi na mtoto aliyetumwa barafu ya mia mbili, haipumziki. Kibao kinasema inavyoweza kula inapokuwa kazini, hakisemi imekula kiasi gani leo.

Jibu la kuaminika liko ukutani, kwenye mita. Mita ya LUKU ina kitaa kidogo kinachopepesa kila umeme unapotumika, na pembeni huandikwa kinapepesa mara ngapi kwa uniti moja. Ikiwa imeandikwa 1,000 imp/kWh, kila kupepesa ni sehemu moja ya elfu ya uniti. Zima kila kitu isipokuwa friza, hesabu kwa dakika kumi wakati kompresa inanguruma: kitaa kikipepesa mara 20, friza inavuta wati 120 kwa wakati ule. Kipimo hicho kinafaa pia kumkamata fundi aliyedai ameitengeneza.

Kwa hesabu ya biashara, hata hivyo, dakika kumi hazitoshi, inatakiwa siku nzima. Mwenye nyumba aandike uniti zilizobaki saa 12 jioni, aandike tena kesho yake saa hiyohiyo, afanye hivyo kwa siku tatu friza ikiwa kazini na siku tatu ikiwa imezimwa na kuachwa tupu. Tofauti ya wastani ndiyo chakula cha friza. Siku ya kupiga pasi nguo za wiki isiingizwe upande mmoja ikaachwa upande mwingine, maana itaharibu kila kitu. Vipo pia vimita vidogo vinavyochomekwa kati ya soketi na plagi, ambavyo humwondolea mtu usumbufu huo.

Gharama mbili ndani ya friza moja

Anayepima atagundua kuwa friza ina gharama za namna mbili, na kila moja ina mwendo wake. Ya kwanza ni kugandisha. Lita moja ya maji yenye joto la nyuzi 28, ili igande na kushuka mpaka nyuzi 10 chini ya sifuri, inahitaji kuondolewa joto la kilojuli 470 hivi, ambalo ni sawa na uniti 0.13. Friza haitengenezi baridi bali inahamisha joto kutoka ndani kwenda nje, na ya kawaida huhamisha joto jingi kidogo kuliko umeme inaotumia. Makadirio ya uniti 0.1 kwa lita kwa hiyo hayako mbali na ukweli. Kwa bei ya T1 ni Sh. 36 kwa lita, au Sh. 18 kwa barafu ya nusu lita.

Ya pili ni kusimama. Hata kama hakuna barafu mpya iliyowekwa, joto la chumba linapenya ukutani na mlangoni na kompresa lazima ilitoe. Tuchukue friza ya kawaida ya nyumbani ambayo kwa kusimama tu inakula uniti 1 kwa siku. Hiyo ni Sh. 356, iuze barafu mia au isiuze hata moja.

Kwa mauzo ya barafu 40 kwa siku, gharama ya kusimama ni Sh. 9 kwa kila barafu. Yakishuka mpaka barafu 10, kila moja inabeba Sh. 36, mara mbili ya umeme uliotumika kuigandisha. Huu ndio mlango ambao faida ya miezi ya Juni na Julai hutokea bila kuonekana. Barafu yenyewe ni rahisi. Anayekula ni friza inayongoja wateja.

Swali moja, majibu matatu

Ukiachia hapo, muuza barafu angekuwa na hesabu nzuri lakini ambayo huenda si yake. Bei ya uniti si moja kwa nyumba zote. Lipo kundi la D1, la matumizi madogo ya nyumbani, ambalo kwa bei hizo za 2016 lililipa Sh. 100 kwa uniti mpaka uniti 75 kwa mwezi, na Sh. 350 kwa kila uniti inayozidi hapo. Pamoja na kodi na tozo ni Sh. 122 na Sh. 427. Ndiyo kundi ambalo Sh. 1,000 hutoa uniti 8.2, na linaonewa wivu na majirani.

Sasa tuseme familia ya D1 inatumia uniti 55 kwa mwezi na inalipa Sh. 6,710. Inaleta friza ya barafu inayogandisha lita 20 kwa siku. Kugandisha ni uniti 2, kusimama ni uniti 1, jumla uniti 90 kwa mwezi. Friza inagharimu kiasi gani?

Wa kwanza atazidisha uniti 90 kwa Sh. 122 anazozijua, apate Sh. 10,980, na afurahi. Amekosea, kwa sababu nafasi iliyobaki ya bei ya chini ni ya uniti 20 tu. Nyumba sasa inatumia uniti 145. Zile 75 za mwanzo ni Sh. 9,150, na 70 zilizozidi ni Sh. 29,890, jumla Sh. 39,040. Ukitoa Sh. 6,710 za awali, friza imeleta Sh. 32,330.

Lakini hata hilo huenda lisidumu. Nyumba inayozidi uniti 75 mara kwa mara inaweza kuhamishiwa T1, na huko hakuna uniti za bei ya chini hata moja. Uniti 145 zinakuwa Sh. 51,655. Taa na televisheni ambazo jana zililipiwa Sh. 122 kwa uniti, leo zinalipiwa Sh. 356.24 pamoja na friza. Ongezeko lote, Sh. 44,945, ni la friza, kwa sababu bila hiyo nyumba isingehama. Jibu la tatu ni zaidi ya mara nne ya lile la kwanza, na friza ni ileile.

Jirani ambaye nyumba yake ilikuwa T1 tangu zamani yuko katika hali tofauti. Kwake friza inabeba uniti zake 90 tu, Sh. 32,062. Anaweza kuuza barafu kwa bei ileile ya mtaa na kubaki na karibu Sh. 13,000 zaidi kila mwezi, bila ya kuwa hodari kuliko mwenzake. Kwa hiyo kuuliza "friza yako inakula ngapi" kwa jirani, kisha kuchukua jibu lake, ni sawa na kuazima viatu bila kuuliza namba.

Tuiweke biashara mezani. Barafu ya ubuyu ya nusu lita iuzwe Sh. 200, na sukari, ubuyu na kifungashio viwe Sh. 90. Zinabaki Sh. 110. Msimu wa joto, barafu 40 kwa siku zinaacha Sh. 132,000 kwa mwezi. Ukitoa Sh. 44,945 za umeme, zinabaki Sh. 87,055. Si haba kwa kazi inayofanyika huku mtu akipika.

Julai mambo ni mengine. Wateja wamepungua, zinauzwa barafu 10 kwa siku, na zinabaki Sh. 33,000 kabla ya umeme. Friza inagandisha lita 5 tu, lakini kusimama kuko palepale, hivyo inakula uniti 45 kwa mwezi. Nyumba inafikia uniti 100, ambazo kwa T1 ni Sh. 35,624, na ongezeko lililoletwa na friza ni Sh. 28,914. Kinachobaki mkononi ni Sh. 4,086 kwa barafu 300 zilizofungwa, kugandishwa na kuuzwa moja moja getini.

Hapo friza yenyewe haijahesabiwa. Ikiwa ilinunuliwa Sh. 600,000 na itadumu miaka mitano, inachakaa kwa Sh. 10,000 kila mwezi. Julai hiyo imekula mtaji Sh. 5,914. Yule anayehesabu umeme kwa Sh. 122 anaamini uniti zake 45 ni Sh. 5,490 na kwamba amebaki na Sh. 27,510 za matumizi, na kwa imani hiyo anacheza upatu. Ikifika siku ya kutoa mchango, fedha hazipo, na wa kwanza kulaumiwa ni mtoto aliyekuwa akiuza.

Kuzima friza wakati wa baridi, hata hivyo, si uamuzi wa kukurupuka. Nyumba iliyokwishahamishiwa T1 haimrudishi mwenyewe kwenye D1 siku anayochomoa plagi. Mpaka shirika limrudishe, anachookoa kwa kuzima ni uniti za friza tu, Sh. 16,031 kwa zile 45, na kwa hesabu hiyo barafu 10 kwa siku bado zinamwachia kitu kabla ya uchakavu. Anayeanza ndiye mwenye uhuru wa kuchagua. Akibadilisha taa mbili za nje za wati 60 kuwa za LED anapunguza karibu uniti 37 kwa mwezi, na friza ndogo ya matumizi ya familia inaweza kuingia bila kuvuka 75. Friza ya biashara ya lita 20 kwa siku haiingii kwa namna yoyote ile, na bora aijengee bei ya T1 tangu siku ya kwanza.

Wenye nyumba za kupangisha nao wana sehemu yao katika hesabu hii. Katika nyumba nyingi za vyumba sita au nane LUKU ni moja, na kila chumba huchanga kiasi sawa, tuseme Sh. 5,000. Mpangaji mwenye friji inayokula uniti 1.2 kwa siku anatumia Sh. 12,825 kwa friji pekee. Tofauti inalipwa na kijana wa chumba cha pili mwenye taa moja na chaji ya simu, na ugomvi wa umeme huanzia hapo. Zaidi ya hayo, vyumba ambavyo kila kimoja peke yake kingekuwa chini ya uniti 75, vikikusanywa kwenye mita moja huvuka. Mita ndogo kwa kila chumba inasuluhisha ugomvi wa wapangaji, ingawa bei ya uniti inabaki kuwa ile ya mita kubwa.

Kuhusu kununua, sokoni mtu hukutana na friji ya mtumba kwa bei inayovutia. Ikiwa ya mtumba ni Sh. 250,000 na inakula uniti 2.5 kwa siku, na mpya ya ukubwa uleule ni Sh. 450,000 na inakula uniti 1, tofauti ya chakula ni Sh. 16,031 kwa mwezi kwa T1. Zile Sh. 200,000 zilizookolewa siku ya kununua zinakwisha kabla ya mwezi wa 13 kumalizika. Muuzaji anayekubali friji iwashwe dukani kwa saa moja ikiwa na kimita cha kuchomeka ni wa kusikilizwa. Anayekataa, mnunuzi afunge mlango juu ya noti: noti ikichomoka bila kuvutwa, mpira wa mlango umechoka.

Katizo la umeme nalo lina bei yake. Wakati wa mgao ulioanza mwishoni mwa mwaka 2023, kabla ya mtambo wa kwanza wa bwawa la Julius Nyerere kuanza kuzalisha Februari 2024, wauza barafu walijifunza kuwa barafu iliyoyeyuka hulipiwa mara mbili. Friza iliyojaa huhimili saa nyingi kuliko iliyo nusu, hivyo wasio na barafu za kutosha hujaza nafasi kwa chupa za maji yaliyogandishwa. Chupa hizo hulipiwa kugandishwa mara moja tu, siku ya kwanza, mradi mlango usifunguliwe ovyo.

Na kwa atakayeamua kuizima Juni mpaka Oktoba, aisafishe, aikaushe, kisha aache mlango wazi kidogo kwa kuweka kipande cha mti. Friza iliyofungwa miezi mitano ikiwa na unyevu hurudi sokoni Novemba na harufu ambayo ubuyu hauwezi kuificha.